Mkopo wa nyumba: dola 621 kwa mwezi, na kijana aliyenijibu "haiko likelemba"

Bado nina hasira, kwa hiyo mtanisamehe nikiruka mambo mengine. Masharti ya umri, ya mshahara, orodha ya vyeti, hayo yote yako kwenye matangazo yao ukutani, mtayasoma wenyewe. Mimi nataka kusema juu ya karatasi moja, jedwali la malipo ya mkopo, ambayo benki yangu haikutaka niione, na juu ya kijana wa mikopo aliyeniambia mbele ya watu, kwa sauti ya kusikika hadi mlangoni kwa sentineli: "Mama, huku ni banki, haiko likelemba." Yaani si mchango wa zamu wa akina mama.

Jina la benki sitaliandika. Iko mjini, hapa Lubumbashi, Kongo, hiyo inatosha.

Tulikuwa tunapanga Kampemba, hapahapa mjini. Aliyewahi kupanga mji huu anajua habari ya garanti: unatoa kodi ya miezi kadhaa kwa mkupuo, unaingia, unapaka rangi, halafu mwenye nyumba amempata mtu wa migodini anayelipa zaidi, na wewe unabeba masufuria yako tena. Nimechoka kubeba masufuria. Nafanya kazi kwenye maabara ya kampuni inayohudumia migodi, mshahara wangu unapitia benki hiyo kwa dola, na mume wangu ana duka la misumari, rangi na mabati. Tukapata nyumba ya vyumba vitatu, na la muhimu zaidi, ina sertifika, cheti cha usajili. Wenye fishi ya kiwanja peke yake, karatasi ambayo si cheti, wasijisumbue kupanga foleni. Tangu sheria ya ardhi ya mwaka 1973 udongo wa nchi hii ni mali ya serikali, wewe unapewa haki ya kuukalia, na haki hiyo inathibitishwa na cheti cha usajili. Rehani ya benki inaandikwa juu ya cheti hicho, kwa msajili wa hati za ardhi. Bila cheti, nyumba yako ni nzuri kwa kulala tu.

Wakati wa kusaini, kijana huyo alikuwa asali. Mkopo ni dola 40,000, riba asilimia 14 kwa mwaka. Akabonyeza kalkuleta, akaandika 750 kwenye kikaratasi, akatikisa kichwa. "Hii ni ya miaka 7 mama, itawabana." Akabonyeza tena, akaandika 621, akaizungushia duara kwa biki, mara mbili. "Hii ni ya miaka 10. Hii inaenda muzuri na mushahara yako." Akanisukumia kikaratasi upande wangu wa meza. Ninacho hadi leo.

Kwenye kikaratasi hicho hakuna jumla. Si yake, si ya mkataba. Mkataba una kurasa nyingi, una sahihi yangu chini ya kila ukurasa, lakini hesabu ya mwisho, ile ya "mama, hadi kumaliza utakuwa umetutolea kiasi hiki", haikuandikwa popote. Basi niwaandikieni mimi. Miaka 7: karibu dola 63,000. Miaka 10: zaidi ya 74,500. Zile dola 129 alizonionea huruma kila mwezi zinanigharimu elfu 11 na nusu mwishoni. Ukiongeza dola 800 za dosie, ada ya faili la mkopo, walizokata hapohapo (nilipokea 39,200 lakini riba nalipa juu ya 40,000), gharama ya mtu aliyekuja kuthamini nyumba, gharama ya kuandikisha rehani, na bima ya kifo inayokatwa kila mwaka, unaona kwamba nyumba ya elfu 40 haipo. Ipo ya elfu 40 kwa mwenye nyumba, na nyingine, ya kwetu sisi, ya karibu mara mbili.

Kuhusu bima, niliuliza kama naweza kutafuta yangu. Sheria ya bima ya mwaka 2015 ilivunja ukiritimba, kampuni sasa ni kadhaa, zinashindana. Jibu: "Tuko na yetu, mama." Hayo yalipita, sikugomba.

Tukalipa. Mshahara ukiingia, 621 zinatoka kabla simu haijamaliza kulia. Siku duka la mume wangu likisaidia ni kubadilisha franka tu, na mnajua franka: mwaka 2015 dola 1 ilikuwa kama franka 920, mwaka 2024 ikapita 2,700. Misumari unauza kwa franka, deni unalipa kwa dola. Lakini tukalipa, hatukuchelewa hata mara moja, na nataka hilo lijulikane kwa sababu ya yale yaliyofuata.

Miaka kama 2 ikapita, zamu yangu ya likelemba ikafika. Kwa wasomaji wa mbali: ni mchango wa akina mama, kila mwezi kila mmoja anatoa sawa, zote zinakwenda kwa mmoja, mwezi unaofuata kwa mwingine. Yetu ni ya wenye mishahara, si ya mchezo. Nikajumlisha na akiba ya nyumbani, nikawa na dola 5,000. Wengine wangenunua gari. Mimi nikasema napeleka benki, deni lipungue.

Nikamuuliza yule kijana nimebakiza ngapi. Akatazama skrini. "35,752."

Nikadhani amesoma ya mtu mwingine. Marejesho 24 ya dola 621 ni karibu 14,900. Deni lilikuwa 40,000. Kwa hiyo katika 14,900 zangu, deni limekula 4,248 tu? Nyingine zimeenda wapi? Nikaomba jedwali la malipo, ile karatasi ya mwezi kwa mwezi inayoonyesha riba upande huu na deni upande ule. Akasema hakuna koneksio, mtandao umekatika. Hakuna koneksio, na 35,752 ameisoma sasa hivi kwenye skrini hiyohiyo!

Nikamwambia taratibu, maana nilikuwa na pesa ndani ya mkoba na watu nyuma yangu: "Papa, miye niko naomba tu ile karatasi, nione makuta yangu inaenda wapi." Hapo ndipo akanitolea neno la likelemba. Wawili watatu kwenye foleni wakacheka. Mama mmoja aliyekuwa na mtoto mgongoni hakucheka, Mungu ambariki.

Sasa nisikilizeni. Mwandishi wa likelemba yetu anauza mchele kwenye soko la Kenya, si nchi ya Kenya, ni komini ya hapahapa Lubumbashi. Ana daftari la shule lenye mistari, ameligawa safu kwa rula. Kila mwezi analifungua mezani, kila mtu anaweka kidole kwenye jina lake: nimetoa, nimebakiza, nitapokea lini. Ukitaka kusoma mstari wa mwenzako, soma, hakuna siri. Hakuna anayekuambia koneksio imekatika. Kama benki ingekuwa likelemba, mimi nisingekuwa naandika haya.

Karatasi nilichorewa nyumbani, na mtoto wa yaya wangu, dada yangu mkubwa, anayesoma uchumi UNILU, Chuo Kikuu cha Lubumbashi. Alikaa na mimi chini ya mwembe na kalkuleta ya simu. "Mama mdogo," akasema, "asilimia 14 gawanya kwa 12, kisha zidisha na deni lililobaki. Hiyo ndiyo riba ya mwezi, wanaichukua kwanza." Mwezi wa kwanza: riba dola 466 na senti, deni linapata 154. Mwezi wa pili: riba 464, deni 156. Unapanda ngazi kwa dola mbili. Akaendelea kushuka na kalamu, ukurasa wa kwanza, wa pili, hadi tukafika mahali ambapo sehemu ya deni inaishinda sehemu ya riba. Ilikuwa mwezi wa 62. Mwaka wa 6! Zaidi ya nusu ya safari nzima, sehemu kubwa ya kila rejesho ni ya benki, na ukuta wangu unapata mabaki.

Haki ni haki: huo si wizi. Hesabu hiyo ni ya kawaida, mikopo mingi ya nyumba duniani inakwenda hivyo, kwa sababu mwanzoni deni ni kubwa na riba hufuata ukubwa wa deni. Ungeniambia siku ya kwanza, pengine ningesaini vilevile, ila ya miaka 7. Kinachonikera ni kwamba hesabu wanayo, kompyuta inaitoa kwa kubonyeza kitufe kimoja, na mtu anayelipwa kunionyesha ananitania.

Na bado. Nilipeleka zile 5,000 kwa barua, ina muhuri wa kupokelewa, imeandikwa wazi: nafupisha muda, rejesho libaki lilelile. Juu yake wakanitoza asilimia 3, dola 150, adhabu ya kulipa mapema. Ndiyo, adhabu ya kulipa. Mwezi uliofuata nikaona wamenikata 534 badala ya 621. Mume wangu akafurahi, akasema benki imetuhurumia. Mtoto wa yaya akachukua kalamu tena.

Kumbe kulipa kabla kuna milango miwili. Wa kwanza: rejesho linashuka, muda unabaki. Kwetu ni 534 kwa miezi 96 iliyobaki, yaani dola 51,280 hivi. Wa pili: unaendelea na 621, muda unakatika, na tungemaliza kwa miezi kama 75 badala ya 96, jumla 46,150 au karibu na hapo. Pesa ni zilezile 5,000, lakini tofauti ya milango ni zaidi ya dola 5,000 nyingine. Mimi niliomba wa pili kwa maandishi. Wao wakanipitisha wa kwanza, ambao kwa bahati tu ndio wenye faida kwao.

Siku hiyo ningeandika tathmini hii, ingekuwa na mstari mmoja na nyota sifuri, na msingepata hesabu yoyote.

Lakini nilikwenda kwanza kwa shefu wa ajansi, mkuu wa tawi la benki. Mwanamke wa makamo, kitambaa cha kichwani safi, ofisi ina joto kwa sababu umeme wa SNEL ulikuwa umekatika na jenereta inalisha kompyuta tu. Akaniambia, "Keti, dada." Akasoma barua yangu yote, muhuri na vyote. Hakujitetea. Akabonyeza, printa ikalia, na jedwali likatoka, kurasa kadhaa za moto bado, safu zake ndizo zilezile tulizochora chini ya mwembe, hadi senti. Nusura nilie. Akaniuliza mara mbili: rejesho libaki 621, una uhakika? Nikasema nina uhakika. Akasahihisha, akatia sahihi, akanipigia muhuri kwenye kila ukurasa. Akaniambia pia jambo ambalo hakuna aliyewahi kunitajia: siku ya kumaliza nisitoke na risiti tu, nidai barua ya kuondoa rehani na niipeleke kwa msajili, la sivyo cheti changu kitabaki na alama ya benki miaka na miaka, na huko nako kuna ada.

Nikatoka na moyo mweupe. Nikajiambia, benki nzuri, kijana mmoja mbovu. Nyota 3, labda 4.

Mwisho wa mwezi: wamekata dola 100. Sababu, "marekebisho ya mkataba". Yaani wao wakosee, mimi niombe, shefu asahihishe, na bili ije kwangu! Nimeandika barua nyingine. Haijajibiwa. Nyota 1, na hiyo moja ni ya yule mama shefu, benki isijipongeze.

Hata hivyo sitawadanganya. Mvua za mwaka huu zimetukuta kwetu. Hakuna aliyekuja kugonga akidai kodi ya mbele, mume wangu amejenga ukuta wa nyuma kwa matofali yake mwenyewe, na nikiamka usiku nikasikia paa linapiga kelele najua ni langu la kutengeneza. Kwa kodi tuliyokuwa tukitoa Kampemba tusingebakiwa hata na dirisha.

Sasa mdogo wangu wa kiume anaoa na anatafuta nyumba upande wa Bel-Air. Kaniuliza aende benki gani. Nimezunguka nyingine na yeye, riba zao ziko juu zaidi na hakuna hata moja iliyotoa jedwali bila kubishana. Basi nimempa jina la hiyohiyo. Nimemwambia aende asubuhi, aulize jumla yote kwa dola kabla ya kuuliza rejesho la mwezi, aseme miaka 7 na asitazame kalkuleta ya mtu, na kama atakayemkaribisha ni kijana mwenye biki ya bluu, asimame aombe kuonana na shefu.