TAHADHARI: Haidromita za "maabara" zenye skeli ya uongo

Ukikuta tangazo la haidromita (kifaa kinachoelea cha kupima densiti ya kimiminika) moja ya kioo inayodaiwa kupima kuanzia 0.700 hadi 2.000 g/ml kwa usomaji wa 0.0005, usitume hela. Piga hesabu: hapo inatakiwa mistari 2,600. Shingo ikiwa na urefu wa sentimita 15, kila milimita ibebe mistari 17. Nani ataisoma? Haidromita halisi za usomaji huo, aina ya L50 katika kiwango cha kimataifa cha ISO 649, hubeba kipande kidogo tu cha skeli, mfano 1.000 hadi 1.050. Ndiyo maana huuzwa kwa seti.

Wajanja zaidi huuza yenye masafa ya kuaminika, 1.000 hadi 1.100, ila karatasi ya ndani imechapwa kwa jumla na kutumbukizwa bila kila kifaa kupimwa chenyewe. Hawa unawakamata kwa rula. Kwenye skeli halali nafasi hazilingani: za juu ni pana, za chini zimebanana, kwa kuwa kina cha kuzama hakibadiliki sawasawa na densiti. Kutoka 1.000 hadi 1.010 ikiwa milimita 12, basi 1.090 hadi 1.100 iwe kama milimita 10. Zikilingana kabisa, hiyo si skeli. Omba picha ya shingo nzima ikiwa kando ya rula kabla hujalipa. Akianza kukuzungusha, achana naye.

Cheti nacho kikaguliwe: namba yake ifanane na iliyoandikwa ndani ya shingo. Wapo wanaotoa nakala ya cheti kimoja kwa kila mteja.

Kifaa kikifika, kijaribu mapema kabla muda wa kurudisha haujaisha. Kioshe kwa sabuni na kukisuuza, maana mafuta ya vidole huharibu usomaji. Kwenye maji yaliyokenekwa ya 20°C, skeli ya densiti kwa g/ml isome 0.998, ya densiti linganifu 20/20 (densiti ikilinganishwa na ya maji, vyote vikiwa 20°C) isome 1.000. Kisha yeyusha gramu 10 za sukari nyeupe katika gramu 90 za maji, vyote kwa mizani. Skeli ya 20/20 isome 1.040. Kosa likiwa karibu lilelile mara zote mbili, karatasi imeteleza. Likiongezeka, skeli hiyo haikutengenezewa kifaa hicho. Muuzaji atakwambia "toa tu 0.004 kila ukisoma." Usikubali, karatasi iliyobanduka itateleza tena.

Ila usimlaumu mtu bure. Angalia jotoridi lililoandikwa kwenye skeli (nyingine ni 15.6°C), ondoa viputo, kifaa kisiguse ukuta wa silinda, na soma usawa wa maji, si pale yanapopanda kwenye shingo. Kwenye maji ya 30°C, hata haidromita nzuri ya g/ml husoma takriban 0.996.

Kikielea kimeinama, uzito wa chini umehama baada ya gundi yake kuyeyuka au kupasuka. Hicho hakitengenezeki nyumbani. Rekodi video ya usomaji, kipimajoto kikionekana ndani ya silinda, kisha dai pesa yako.