Kibodi ya kununua kama unapiga picha za skrini ukicheza gemu: anza kuangalia kona ya juu kulia

Folda yangu ya picha za Minecraft inaishia na picha isiyostahili kuwa ya mwisho. Ni ngazi za mawe, zimejengwa nusu. Mnara wenyewe haupo, daraja halipo, wala bustani ya maboga aliyoilima mdogo wangu. Dunia ile tuliijenga pamoja kwa miezi minane, kwenye seva ambayo mwenyewe alishatangaza kwamba ataifunga. Usiku wa mwisho tulipanda juu ya mnara, tukasimama tukisubiri jua lichomoze ili nipige picha ya kumbukumbu.

Jua likachomoza. Nikaficha maandishi ya skrini, nikabonyeza mara tano, nikamwambia mdogo wangu, "Tayari, ninazo."

Sikuwa nazo. Kwenye Minecraft, F1 huficha maandishi yote na F2 hupiga picha. Kibodi niliyokuwa nimeinunua wiki ile ilikuwa ya asilimia 60, yaani ile ndogo isiyo na mstari wa F juu (F1 hadi F12). Ili upate F2 lazima ushikilie Fn, kitufe kinachobadilisha kazi ya vitufe vingine, kisha ubonyeze 2. Kidole changu kiliteleza kwenye Fn, ikaenda 2 peke yake, na 2 kwenye gemu ile maana yake ni "shika kitu cha pili mfukoni". Kwa kuwa nilishaficha maandishi, mkono haukuonekana, na ule ujumbe wa kwamba picha imehifadhiwa nao ulikuwa umefichwa. Niliporudisha kila kitu nikajikuta nimeshika mwenge badala ya upanga, nikapuuza. Kesho yake nilifungua folda. Seva ilikuwa imeshazimwa.

Ndiyo maana mwongozo huu haugusi aina za swichi, sauti ya vitufe wala taa za rangi. Hayo yameandikwa kila mahali. Hapa nazungumzia kitufe cha Print Screen, ambacho kwenye kibodi nyingi kimeandikwa PrtSc, pamoja na ndugu zake wa mstari wa F. Nazungumza na mtu anayecheza gemu na anayetaka siku moja kufungua folda akakuta alichokiona.

Kwanza tuelewane kwa nini kitufe hiki kina uzito. Steam, lile duka la gemu za kompyuta, hupiga picha kwa F12. World of Warcraft, Final Fantasy XIV na Guild Wars 2 zote hutumia Print Screen. ReShade, ile programu ya kuongeza rangi na mwanga kwenye gemu, nayo huanza na Print Screen. Windows yenyewe ina Win na Print Screen kwa pamoja, inayoweka picha kwenye folda ya Screenshots ndani ya Pictures, na ina Win, Alt na Print Screen kupitia Xbox Game Bar, inayoziweka kwenye Captures ndani ya Videos. Programu ya NVIDIA hutumia Alt na F1. Utaona kwamba karibu njia zote zinapita ama mstari wa F ama kitufe kimoja cha pembeni, na hivyo ndivyo vitu vya kwanza kukatwa mtengenezaji anapotaka kibodi iwe ndogo.

Halafu kuna hili la Fn ambalo muuzaji hatakuambia. Kwa kawaida Fn hushughulikiwa ndani ya kibodi yenyewe, na kompyuta haijui kama umeishika au la. Kwa hiyo huwezi kuingia kwenye mipangilio ya Steam ukasema "nikishika Fn, piga picha". Unabaki na mpangilio uliochaguliwa kiwandani, labda kibodi yako iwe na programu ya kuubadilisha. Jaribu kupiga picha ya Game Bar kwenye kibodi ya asilimia 60: ushike Win, ushike Alt, ushike Fn, kisha utafute herufi iliyobebeshwa PrtSc. Vidole vinne, na huku adui anakuja.

Kuna mtego mwingine ambao umewaponza watu wengi bila wao kujua. Kibodi nyingi za gemu zina hali ya gemu inayozima kitufe cha Win ili usirudishwe kwenye dawati katikati ya pambano. Ukiiwasha, Win, Alt na Print Screen haifanyi kazi, na hakuna anayekuambia. Hakuna sauti wala onyo. Unaendelea kucheza ukidhani unakusanya picha.

Sasa kwenye kununua.

Ya kwanza, bila kuzungukazunguka, ni Keychron V3. Naipendelea Keychron na sifichi. V3 ni kibodi ya vitufe 87, ile wanayoiandika TKL, haina pedi ya namba kulia lakini mstari wa F upo kamili na Print Screen iko palepale mkono ulipoizoea, juu ya Insert. Kilichonifanya niiweke juu ya zote ni VIA, programu ambayo hukuruhusu kubadilisha kazi ya kila kitufe, na mabadiliko yanakaa ndani ya kibodi. Ukiihamishia kompyuta nyingine, yanakwenda nayo. Mimi nimegeuza Caps Lock kuwa F12. Mkono wa kushoto uko kwenye WASD, vitufe vya kutembea, kidole kidogo kinalala karibu na Caps Lock, na mkono wa kulia hauachii kipanya. Hiyo ndiyo tofauti yenyewe: Print Screen iko upande wa kulia, mkono wa kulia uko kwenye kipanya, na ukiachia kipanya kamera imeshasogea, picha uliyoitaka imepita. Wiki ya kwanza nilipiga picha nyingi za bahati mbaya kwa kugusa Caps Lock nikienda A. Nikazifuta. Afadhali kufuta kumi kuliko kukosa moja.

Ina dosari mbili. Nyuma kuna swichi ya kuchagua Mac au Windows, na ikiwa imeelekea Mac, F12 inaongeza sauti badala ya kupiga picha. Iangalie siku unayoitoa kwenye boksi. Pili, penye Scroll Lock wameweka kitufe cha msaidizi wa sauti, na Final Fantasy XIV hutumia Scroll Lock kuficha maandishi ya skrini. VIA inalimaliza hilo kwa dakika moja, lakini ilipaswa iwe sawa tangu kiwandani.

Ya pili ni Logitech G915 TKL, kwa anayetaka isiyo na waya na nyembamba. Print Screen ipo mahali pake na mstari wa F umekamilika. Juu ina kitufe cha hali ya gemu, na hicho ndicho cha kuchunga kwa sababu niliyoieleza. Hakikisha hali hiyo imezimwa kabla ya kupiga picha kwa Game Bar, ili Win ibaki hai. Ya mwaka 2020 inachajiwa kwa micro-USB, jambo linaloudhi kwa kifaa cha hadhi hiyo. Bado ni kibodi nzuri, ila kwa bei yake ningenunua V3 na kipanya cha maana juu yake.

Ya tatu ni kibodi yoyote kamili ya vitufe 104. Kila kitu kipo. Inakula nafasi ya kipanya, basi.

Za asilimia 75 nimezisumbukia sana, kwa sababu hapo ndipo watu wenye akili zao wanapokosea. Mstari wa F upo, hivyo mnunuzi anatulia. Lakini safu ya kulia imebanwa, na kila mtengenezaji ana uamuzi wake kuhusu kinachobaki. Mmoja anaacha PrtSc karibu na Delete, mwingine anaweka kitufe cha taa, mwingine gurudumu la sauti. Jina la ukubwa halikuambii kitu. Kuza picha ya tangazo, soma kitufe kimoja kimoja kuanzia F12 kwenda kulia. Kama kuna kimoja huwezi kukisoma, omba picha nyingine kabla ya kulipa. Kwa anayecheza kupitia Steam peke yake, asilimia 75 inatosha maana F12 ipo. Kwa wa ReShade na Guild Wars 2, hapana, mpaka uone PrtSc kwa macho yako.

SteelSeries Apex Pro TKL naiweka chini kuliko wengi watakavyotarajia. Inasifiwa kila mahali na sina ugomvi na vitufe vyake. Ila pale juu ya Insert, Home na Page Up, ambapo kibodi nyingi za TKL huwa na Print Screen, wameweka kioo kidogo cha OLED na gurudumu. Kitufe chenyewe hakipo. Mtu anasoma TKL, anajua maana ya TKL, analipa, na anapata kibodi yenye kioo cha kuonyesha picha ndogo huku kitufe cha kupiga picha kubwa kimeondolewa. Hilo silisamehi.

Mwisho kabisa ni za asilimia 60, kama Razer Huntsman Mini. Kazi za Fn zimechapwa ubavuni mwa vitufe, hivyo angalau huhitaji kukariri, lakini gizani nani anasoma ubavu? Wooting 60HE ningeitoa kidogo kwenye kundi hili, kwa sababu programu yake, Wootility, inakuruhusu kuweka Print Screen kwenye kitufe kimoja usichokitumia bila kushika Fn. Ukiwa na kibodi ya asilimia 60 isiyobadilishika, umenunua tatizo langu.

Za bei ya chini: Redragon K552 ina vitufe 87 na PrtSc mahali pake. Inatosha.

Kama kibodi mbaya umeshainunua na huwezi kuirudisha, nenda kwenye kipanya. Logitech G502 ina vitufe 11 vinavyopangika na kumbukumbu yake ya ndani, na G305 ina sita. Kitufe kimoja cha dole gumba kikipewa F12, picha inapigwa bila kusogeza kidole kingine, na kamera haitikisiki kama ukibonyeza kwa utulivu. Kuna siku huwa naona hii ndiyo njia bora kuliko kibodi zote nilizozipanga hapo juu.

Naomba niseme kuhusu wauzaji, kwa sababu limenikaa. Kibodi iliyoniharibia usiku ule ilitangazwa kuwa "ina vitufe vyote". Nilimuuliza muuzaji kabla ya kulipa, kwa maandishi, kama mstari wa F upo. Akajibu, "Vyote vipo, dada, usijali." Nilipoirudisha alisema hakunidanganya, vipo, ila ni kwa Fn. Akakataa kuipokea kwa kuwa boksi lilishafunguliwa. Sasa kitufe cha kibodi utakijaribuje ndani ya boksi lililofungwa? Na picha za matangazo ni zilezile: kibodi imelazwa upande, taa zinawaka zambarau, kona ya juu kulia imekatwa au imefunikwa na nembo ya duka. Ukiona kona ile imefichwa, chukulia kwamba kuna sababu. Kinachonikera zaidi ni bei. Wanaondoa pedi ya namba, wanaondoa mstari wa F, wanaondoa mishale, halafu kilichobaki wanakiuza kwa bei ya juu kuliko kibodi kamili iliyo rafu ya chini yake, eti kwa sababu ni ndogo na inapendeza mezani. Tunalipia vitufe tulivyonyang'anywa.

Ukishaileta nyumbani, mambo machache kabla hujaanza kucheza. Kwenye Windows 11, Print Screen peke yake hufungua Snipping Tool na kuitia giza skrini katikati ya gemu. Izime kwenye mipangilio ya ufikivu, sehemu ya kibodi. Kwenye Steam, fungua mipangilio ya ndani ya gemu, chagua folda unayoijua wewe, na uwashe nakala isiyobanwa, la sivyo unabaki na JPEG zilizofichwa kwenye folda zenye majina ya namba tupu. Mimi nimeelekeza ReShade kwenye folda hiyohiyo, kila gemu na chumba chake, ili nisitafute picha sehemu nne.

Kisha fanya jaribio, siku hiyohiyo, risiti ikiwa bado mezani. Fungua gemu unayoipenda, washa hali ya gemu ya kibodi, ficha maandishi yote ya skrini, kimbia na mhusika wako huku unageuza kamera, na upige picha tatu bila kutazama vidole. Toka, fungua folda, uzihesabu. Zikiwa mbili, irudishe.