E-Filing ya Mahakama Kenya: nzuri kwa kesi mpya, si kwa kesi iliyolala

Kwa kufungua kesi, huduma hii ya kuwasilisha hati za kesi mtandaoni inastahili sifa. Ilianza Nairobi Julai 2020, na Machi 2024 ikasambazwa nchi nzima. Unajisajili, unachagua mahakama na kitengo, unapakia hati za PDF, mfumo unakadiria ada, unalipa kwa M-Pesa, basi. Foleni za masijala na marundo ya nakala yamepungua.

Inapopwaya ni kwenye kesi iliyolala. Amri ya 17 kanuni ya 2 ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai inasema kesi ikikaa mwaka 1 bila upande wowote kuchukua hatua, mahakama yaweza kutoa notisi wahusika waeleze kwa nini isitupwe. Marekebisho ya 2020 yakaongeza makali: miaka 2 bila hatua, kesi inahesabiwa imeshatupwa. Na hiyo notisi si lazima uletewe mkononi. Wapo majaji waliokubali kwamba kuiweka mtandaoni pamoja na orodha ya kesi kunatosha. Mdai aliye kijijini, wakili wake keshahama ofisi, atajulia wapi?

Kwa hiyo anza na nambari ya kesi. Zilizofunguliwa kwa mfumo huu zina herufi E, mfano E045 ya 2021. Faili ya karatasi ya zamani haina E, na hiyo ndiyo ya kuchungwa. Nenda masijala na nambari kamili, uulize kama imeingizwa kwenye mfumo, na simu na barua pepe zilizoandikwa ni za nani. Ukibadili wakili, hakikisha hati ya mabadiliko imewasilishwa, la sivyo notisi zitazidi kumwendea yule wa kwanza.

Notisi ikitoka, wasilisha hati ya kiapo kabla ya siku ya kusikizwa. Eleza kwa tarehe na vielelezo: faili ilikosekana lini, barua za kuiulizia ziliandikwa lini, muhuri wa kupokelewa uko wapi. Kipimo bado ni kile cha uamuzi wa zamani katika kesi ya Ivita dhidi ya Kyumbu: je, ucheleweshaji ni mrefu na hauna udhuru, na kama ndivyo, haki bado yaweza kutendeka? Kusema tu "nilimwachia wakili" ni utetezi dhaifu. Kesi ni ya mdai.

Ikishatupwa, omba irudishwe, tena upesi. Kufungua nyingine ni kamari: dai la ajali lina miaka 3, la mkataba 6, na kesi ya kwanza kuwa mahakamani hakukusimamisha hesabu hiyo. Mdai akifariki, kuna saa nyingine inayokwenda: mwakilishi wa mirathi asipoingizwa ndani ya mwaka 1, kesi inakufa.

Alama: kufungua kesi 4 kwa 5, kuilinda 2 kwa 5. Usiutegemee mfumo ukukumbushe. Weka kengele ya miezi 6 kwenye simu, na ikilia, ombi la tarehe liingie kwenye faili.