Kifafa cha karibu na sikio na kile cha nyuma ya paji la uso

Si kila mwenye kifafa huanguka na kutoka povu. Kipo kinachoanzia sehemu moja tu ya ubongo, na sehemu hiyo ndiyo huamua mgonjwa atafanya nini.

Kinachoanzia pembeni, usawa wa sikio, ndicho huonekana zaidi kwa watu wazima. Mara nyingi hubisha hodi kwanza: tumbo kama linapanda hadi kooni, hofu isiyo na sababu, harufu ambayo wengine hawaisikii, au hisia kwamba jambo hili lilishawahi kutokea. Kisha mtu anakodoa macho, anatafunatafuna mdomo mtupu, anapapasa nguo. Dakika moja au mbili, basi. Ila akili kurudi sawasawa huchukua muda. Ukimuuliza yuko wapi, anababaika.

Cha nyuma ya paji la uso kina haraka na vurugu, na hupenda usingizi. Mtu anapiga kelele, anarusha miguu kama anaendesha baiskeli, na mara nyingi kabla ya nusu dakika kwisha ameshatulia na anazungumza vizuri. Huweza kurudi mara kadhaa usiku mmoja. Hapo ndipo majirani husema ni jini, nami siwalaumu sana: hata kipimo cha EEG, kinachosoma umeme wa ubongo, huweza kutoonyesha kitu.

Video ya simu humsaidia daktari mno, hasa ikinasa sekunde za mwanzo: kichwa kiligeukia wapi, mkono upi ulianza kukakamaa.