Tovuti ya Bunge la Texas: inafaa kumfuatilia daktari aliyegeuka mbunge?

Texas Legislature Online ni chombo kizuri kwa kazi hii, ila si cha mvivu. Ni ya bure, na kumbukumbu za miswada zinaanzia 1989. Chukua Charles Schwertner, daktari wa upasuaji wa mifupa aliyeingia Baraza la Wawakilishi 2011, kisha Seneti 2013. Unamtafuta kikao kwa kikao, kwa jina la mwandishi wa muswada, ukikumbuka kubadili baraza kuanzia 2013.

Wengi hukosea kwenye kuhesabu. Orodha huchanganya miswada halisi (HB ya Wawakilishi, SB ya Seneti) na maazimio, mengi yakiwa ya pongezi (HR, SR), hivyo mtu huonekana mchapakazi kumbe ametuma salamu. Chuja aina kwanza. Kisha fungua historia ya kila muswada na usome hatua ya mwisho: ukikuta kikao kimefungwa na umeishia kamatini, umekufa, kwa sababu kikao cha kawaida ni siku 140 tu, kila mwaka witiri. Mwenye hoja huanza upya na namba mpya.

Kura ndizo zinazochosha. Inabidi ufungue jarida (kumbukumbu rasmi ya baraza) la siku husika na kusaka jina kwa jicho. Kungekuwa na ukurasa wa kura za kila mbunge, ningeipa alama zote.

Wasifu usiutafute hapa. Nenda Maktaba ya Bunge la jimbo. Mshahara ni dola 600 kwa mwezi, kwa hiyo usishangae ukimkuta mheshimiwa bado ana kliniki.