Wakili aliyeomba daftari la ghala kabla ya hati ya shamba

Nilipofika katika ofisi hii ya uwakili nilikuwa na amri ya kusitisha matumizi mkononi, zimebaki siku tisa tu muda wa kukata rufaa uishe, na nilikuwa nimejiaminisha kwamba shauri langu ni jepesi. Shamba ni langu, hati ninayo, na ghala nililojenga pembezoni mwake nililitumia kuchambua na kufungasha mazao. Mamlaka ya mipango ilidai kwamba nimegeuza ardhi ya kilimo kuwa ya biashara bila kibali. Ninaandika tathmini hii kwa ajili ya mwenye shamba atakayetafuta wakili wa migogoro ya aina hiyo.

Wakili hakuigusa hati. Aliomba daftari la kupokelea mizigo, nami nikampa kwa fahari kidogo, maana lilikuwa limeandikwa kwa uangalifu: tarehe, aina ya zao, uzito na jina la aliyeleta. Alipitisha kalamu kwenye safu ya mwisho, ukurasa baada ya ukurasa, akitia alama kila alipokutana na jina lisilo langu. Alipomaliza msimu mmoja, mistari yenye alama ilikuwa mingi kuliko isiyo nayo. Hapo ndipo nilipouelewa mgogoro wenyewe. Kufungasha mazao ya shamba lako humo humo shambani kwa kawaida huhesabiwa kuwa sehemu ya kilimo, lakini ukianza kupokea mazao ya wengine kwa malipo, ghala haliwi tena msaidizi wa shamba bali linakuwa biashara inayojitegemea ambayo imetokea tu kuwa shambani. Nilikuwa nimejiandaa kubishana kuhusu ukubwa wa jengo, kumbe swali lilikuwa jengo linamtumikia nani.

Sehemu hii ya huduma naisifu bila kusita. Wakili mwingine niliyemwona awali alikuwa tayari kufungua kesi mahakamani siku ileile, ilhali huyu alinieleza kwamba sheria inapoweka chombo cha rufaa, mahakama kwa kawaida humrudisha mlalamikaji aliyekiruka, na kwamba hata ikimsikiliza, kazi yake katika mapitio ni kuangalia kama uamuzi ulifikiwa kihalali, si kuamua kama ghala lina manufaa kuliko shamba. Kisha akachukua hatua iliyonikera wakati ule: alikataa kutetea kila kitu. Alisema tukubali kile ambacho daftari limeshakikubali, na tuishambulie amri pale ilipozidi mipaka, kwa sababu ilisimamisha shughuli zote ghalani, zikiwemo zile za mazao yangu mwenyewe, bila kutaja sababu yoyote kuhusu hayo. Rufaa iliwasilishwa siku mbili kabla ya muda kwisha, ikiwa na kurasa sita tu pamoja na jedwali la uzito lililotolewa kwenye daftari lile lile.

Kasoro zipo, na zilinigharimu. Ada yao huhesabiwa kwa saa, nami nililipia maoni ya kisheria yenye kurasa mbili nzima kuhusu hukumu ya Mahakama ya Juu ya Marekani ya mwaka 1926, Village of Euclid dhidi ya Ambler Realty, iliyokubali kwa kura 6 dhidi ya 3 kwamba mamlaka ya mji inaweza kugawa ardhi katika kanda za matumizi. Ni historia nzuri, lakini hakuna aliyekuwa akibisha uwezo huo. Aya moja iliyofuata, iliyoeleza kwamba sheria ya mipango ya Uingereza ya mwaka 1947 haikuhesabu kutumia ardhi kwa kilimo kuwa uendelezaji unaohitaji kibali, ilikuwa na faida zaidi, kwa kuwa ilinionyesha kwa nini kuingia kwenye kilimo kunaweza kuwa rahisi huku kutoka kukizaa mashauri.

Kosa kubwa zaidi lilikuwa la mawasiliano. Sikuambiwa mapema kwamba kushinda rufaa si kupata kibali. Rufaa yetu ilifanikiwa kwa sehemu: amri ilipunguzwa, nikaruhusiwa kuendelea na mazao yangu, nikazuiwa kupokea ya wengine hadi maombi ya kubadili matumizi yaamuliwe. Nilitoka kwenye kikao nikiwa na furaha, na ni msaidizi wa wakili aliyenidokeza mlangoni kwamba maombi hayo ni safari nyingine kabisa, yenye ramani, tangazo kwa umma, maelezo ya ubora wa udongo, njia ya malori, maji ya mvua yatakakoelekea, na majirani wenye haki ya kuweka pingamizi. Ningeyajua hayo mwanzoni, ningeandaa maombi sambamba na rufaa na kuokoa msimu mzima.

Kwa rufaa na kwa kusoma ushahidi ningewarudia kesho. Maombi ya kibali nimemkabidhi mtaalamu wa mipango ya ardhi, ambaye bei yake imefungwa na ambaye alianza kwa kulitembelea shamba lenyewe. Ghalani sasa kuna madaftari mawili, la mazao yangu na la mazao ya wengine, na hilo la pili halina mstari hata mmoja tangu siku ya uamuzi.