Baby Peggy na mbwa Brownie, au watoto wa Our Gang?

Ukitaka filamu bubu (zisizo na sauti) za kuchekesha zenye watoto na wanyama, utazame zipi? Mtoto nyota Baby Peggy alianza kuigiza mwaka 1921 katika studio ya Century, Hollywood, akiwa na miaka 2 hivi, pamoja na mbwa Brownie. Hapo mtoto na mbwa wako ana kwa ana, na uso wa mtoto ndio unaobeba kichekesho. Kwa kuwa sauti hainaswi, mwongozaji na mfunza mbwa waliweza kupaza amri kamera ikizunguka. Tazama macho ya Brownie: yakienda pembeni, huenda anamsikiliza mtu asiyeonekana.

Our Gang, mfululizo wa filamu fupi za mtayarishaji Hal Roach kuanzia 1922, ni kundi zima la watoto. Yumo Dinah, chotara wa punda na farasi, na baadaye mbwa Pete mwenye duara jeusi jichoni. Mnyama huko huchochea fujo zaidi kuliko kuigiza.

Kwa uigizaji, chagua Peggy, ingawa inasikitisha kwamba filamu zake nyingi za Century zimepotea. Our Gang hupatikana kirahisi zaidi.

Kagua kasi ya nakala: filamu iliyopigwa kwa fremu (picha moja moja) 18 kwa sekunde ikionyeshwa kwa 24, mbwa huonekana anatetemeka na kichekesho kinapita kabla hujakiona.